SOMO LETU: TABIA NA UCHUMBA

Tukiuliza kwa nini unampenda fulani, wengi wanajibu: "Iko muzuri, anavala bien, anachekesha batu." Si kosa. Sura na maneno njo vinavuta macho kwanza. Lakini nyumba haisimame juu ya macho. Inasimama juu ya nini?

1. Mfano wa mbali. Katika miaka ya 1930, mwalimu Lowell Kelly alianza kufuata wachumba 300 huko Connecticut, Marekani. Juu ya tabia yao, aliuliza watu waliowajua. Wachumba 22 waliachana mbele ya ndoa. Wale 278 waliooana walifuatwa mpaka 1980, na 50 kati yao walivunja ndoa. Yeye na James Conley walitoa matokeo mwaka 1987. Ndoa zilisumbuka zaidi pale ambapo mume au mke alikuwa na moyo usiotulia, na pale ambapo mume hakujua kujizuia. Basi marafiki walikuwa wamekwisha kuyaona mambo hayo wakati wa uchumba!

2. Kwetu Goma. Tabia haionekane siku ya sikukuu. Mwangalie mchumba wako kwenye robine, wakati maji inakawia na mstari wa bido ni mrefu. Je, anasukuma watoto? Anatukana mama mzee? Mwangalie akikosa pointi, akiwa na njaa, akiwekewa feza za wengine. Tarehe 17 Januari 2002, moto wa Nyiragongo ulipoingia mjini, hakuna aliyepata nafasi ya kujipamba. Wazazi wanakumbuka mpaka leo nani alirudi kumsaidia jirani.

3. Onyo. Kijana akikupiga kofi na kusema, "Ni wivu, juu nakupenda," usimwamini. Ni kukosa kujizuia, na pete haiponyeshe ugonjwa ule. Nawe kijana, usikate tamaa: tabia si hukumu. Anayekubali kuonywa anaweza kujifunza.

Msikimbilie. Sheria ya Jamaa, iliyorekebishwa mwaka 2016, inataka miaka 18 kwa mume na kwa mke. Maliza masomo, wakati utakuonyesha mtu.

Maswali ya kuzungumza darasani:
a) Rafiki zako wangesema nini juu ya hasira yako?
b) Mchumba wako anakubali kuambiwa "hapana"?
c) Na wewe, unakubali?