FUNZO LA MAZINGIRA: Kasuku wa Mauritius na Thamani ya Mti Mzee

Katikati ya miaka ya 1980, kasuku wa kijani wa kisiwa cha Mauritius walikuwa wamebaki kati ya 8 na 12 pekee. Majike waliojulikana walikuwa watatu. Hii leo idadi yao imepita 750. Mabadiliko hayo yana mafunzo kwa kila mkazi anayeishi karibu na msitu.

Ndege mwenyewe

Kasuku huyu, ambaye wanasayansi humwita Psittacula eques, hupatikana Mauritius pekee, katika Bahari Hindi, mashariki mwa Madagascar. Mwili wake ni wa kijani. Dume ana mdomo mwekundu na ukosi mweusi na wa waridi shingoni. Jike ana mdomo mweusi. Hula majani, maua na matunda ya miti ya asili.

Kilichomwangamiza

Walowezi walikata msitu ili kupanda miwa. Msitu wa asili ulio katika hali nzuri sasa haufiki asilimia 2 ya kisiwa. Meli pia zilileta panya na tumbili, ambao hula mayai na makinda. Ni katika kisiwa hicho hicho ndege aitwaye dodo alitoweka katika karne ya 17.

Pigo kubwa lilikuwa kukosa makao. Kasuku huyu hutaga ndani ya mashimo ya miti mikubwa, na mti huchukua miaka mingi kabla ya kupata shimo la kumtosha. Ukikatwa leo, mche uliopandwa kesho hauwezi kuchukua nafasi yake upesi.

Alivyookolewa

Wahifadhi, akiwemo mwanabiolojia Carl Jones, walishirikiana na serikali ya Mauritius katika kazi hizi:

• Kukarabati mashimo yaliyovuja maji na kutundika masanduku ya viota.
• Kudhibiti panya karibu na viota.
• Kuwapa ndege chakula cha ziada.
• Kuchukua makinda ambayo wazazi hawangeweza kuwalisha, kuwalea, kisha kuwarejesha msituni.

Mwaka wa 1994, msitu wa Black River Gorges ulitangazwa kuwa hifadhi ya taifa. Kazi haikuwa rahisi. Mwaka wa 2005 ulizuka ugonjwa unaoharibu mdomo na manyoya. Hata hivyo, kufikia 2019 kasuku huyo alikuwa ameondolewa katika orodha ya walio hatarini zaidi, ingawa bado anahitaji ulinzi.

Hapa Kenya

Nasi tuna kasuku wetu wa kijivu katika Msitu wa Kakamega, na idadi yao ni ndogo sana. Yeye pia hutaga katika mashimo ya miti mikubwa. Mwaka wa 2016 mataifa yalikubaliana kupiga marufuku biashara ya kimataifa ya kasuku wa kijivu wanaonaswa porini.

Wakazi wanakumbushwa:

• Usikate mti mzee wa asili wenye mashimo, hata kama unaonekana umekauka.
• Usinunue kasuku aliyenaswa porini. Sheria ya Wanyamapori ya 2013 inahitaji kibali kwa anayefuga mnyamapori.
• Ukiona ndege wakinaswa au kuuzwa, toa taarifa kwa afisi ya KWS iliyo karibu nawe.

Mauritius ilianza kazi ikiwa na majike watatu. Ni nafuu kwetu kuanza mapema.