Wawili Wakilima Pamoja

*Mwalimu, mwanangu yuko darasa la saba hapa Mikumi. Swali likisema mmoja hulima shamba kwa siku 6 na mwenzake kwa siku 3, yeye anajibu kwamba pamoja watatumia siku 9. Nimsaidieje? – Mama mzazi, Mikumi*

Mama, usihofu, kosa hilo nalikuta kwa watoto wengi huku Kilosa, na wengi wao wana akili nzuri tu. Mtoto amejumlisha siku, wakati kinachojumlishwa ni kazi.

Kabla hajashika kalamu, muulize: wakiongezeka watu wa kupalilia mahindi, palizi inachelewa au inawahi kwisha? Mwenye kasi akiwa peke yake anamaliza kwa siku 3, basi jibu lazima liwe chini ya 3. Swali hilo moja humwokoa na majibu mengi ya ajabu.

Kisha atafute kazi ya siku moja. Wa kwanza analima 1/6 ya shamba, wa pili 1/3. Jumla: 1/6 + 2/6 = 3/6, yaani nusu. Nusu kila siku, shamba zima siku 2.

Akishaelewa, mpe swali la tangi: bomba hulijaza kwa saa 4, tundu hulimaliza maji kwa saa 12, na vyote viko wazi. Hapa tunatoa, kwa kuwa tundu linapunguza maji: 1/4 − 1/12 = 3/12 − 1/12 = 2/12, yaani 1/6 kila saa. Litajaa kwa saa 6.

Akikwama kwenye 1/6 + 1/3 yenyewe, shida yake ni sehemu. Muone mwalimu wake wa Hisabati wiki hii, usingoje mtihani wa darasa la saba wa Septemba ukaribie.