Jua Haki Zako: Kibali cha Bastola Minnesota kwa Mwenye Grini Kadi

Huko Brooklyn Park na Brooklyn Center, Minnesota, ambako Wakenya ni wengi, swali la bastola huulizwa kwa sauti ya chini, mara nyingi na mtu anayetoka zamu ya usiku hospitalini au kwenye nyumba ya kutunzia wazee: mimi niliyezaliwa Kisii, au Bukavu, au Kigoma, naweza kupewa kibali cha kubeba bastola hapa? Sheria ya Minnesota inajibu ndiyo, ukiwa raia wa Marekani au mkaazi wa kudumu, yaani mwenye grini kadi. Wala hupewi kwa hisani. Sherifu wa kaunti unakoishi analazimika kukupa kibali ukitimiza masharti, na akikunyima, ni juu yake kuthibitisha sababu zake mbele ya jaji.

Aliyekulia Kenya amezoea utaratibu tofauti kabisa. Kule unaeleza kwanza una sababu gani nzuri ya kutaka silaha, na wenye mamlaka ndio wanaopima kama sababu hiyo inatosha. Minnesota iliachana na mtindo huo kwa sheria iliyopitishwa 2003 na kupitishwa upya 2005. Hakuna anayekuuliza bastola unaitakia nini. Barua ya mchungaji, ya imamu au ya mwajiri haihitajiki, na ofisi ikikudai barua hiyo, inadai kitu ambacho haikuruhusiwa kudai. Mwombaji anapeleka fomu rasmi, nakala ya cheti cha mafunzo, na nakala ya leseni ya gari, kitambulisho cha jimbo au ukurasa wa pasipoti wenye picha. Basi.

Fomu unaipeleka mwenyewe, kwa miguu yako, hadi ofisi ya sherifu. Ada ya mara ya kwanza haiwezi kuzidi dola 100. Mafunzo lazima uwe umeyapata ndani ya mwaka mmoja kabla ya kuomba, kwa mwalimu anayetambuliwa na jimbo, na yana sehemu tatu: misingi ya kutumia bastola, sheria, na kufyatua risasi mbele ya mwalimu mpaka aridhike. Kuhusu umri, kitabu cha sheria kimeandika miaka 21, lakini mahakama ya rufaa ya shirikisho iliamua mwaka 2024 kwamba kuwazuia wenye miaka 18 hadi 20 ni kinyume cha katiba, na Mahakama ya Juu ya Marekani ikakataa kuisikiliza rufaa ya jimbo mwaka uliofuata.

Hapa kuna mahali ambapo ndugu zetu wengi hujikwaa. Mkimbizi aliyeletwa na serikali yuko nchini kihalali, lakini kabla hajapata grini kadi hahesabiwi kuwa mkaazi wa kudumu, kwa hiyo kibali hiki hakimhusu bado. Mwenye viza ya masomo au ya matembezi hali yake ni ngumu zaidi: sheria ya shirikisho inamkataza hata kushika bunduki au risasi, isipokuwa kwa vighairi vichache kama leseni halali ya uwindaji. Na asiye na makaratasi asiguse silaha kabisa, hata ya rafiki, hata kwa kupiga picha kwenye uwanja wa kulenga shabaha. Picha ya simu imeshatosha kuwa ushahidi.

Jambo jingine ni majina. Wengi waliopitia kambi za wakimbizi walipewa tarehe 1 Januari kuwa siku ya kuzaliwa, na majina yao matatu yamepangwa kwa njia moja kwenye grini kadi na kwa njia nyingine kwenye leseni ya gari. Kabla hujaenda kwa sherifu, weka karatasi zako zote mezani uzisome pamoja. Jina kwenye cheti cha mafunzo lifanane herufi kwa herufi na la kitambulisho utakachopeleka.

Ukishapeleka, hesabu siku. Sherifu ana siku 30 tangu kupokea maombi yako kamili. Zikipita bila kukujulisha kwamba amekukatalia, sheria inauhesabu ukimya huo kuwa ni kukubaliwa, na kadi inapaswa kutolewa upesi. Kwa hiyo usiondoke dirishani bila risiti yenye tarehe. Tumezoea kusubiri ofisi za serikali kwa unyenyekevu, tukiogopa kwamba kuuliza ni kujiharibia. Hapa kuuliza hakukuharibii chochote, na risiti ndiyo itakayosema kwa niaba yako. Kwa mtu anayetishiwa maisha leo hii, sherifu anaweza kutoa kibali cha dharura cha siku 30 bila kungoja mzunguko wote.

Akikukatalia, lazima akuandikie. Si mstari mmoja wa kusema hufai: aandike mambo mahususi yaliyomfanya akatae, na aliyapata wapi. Anaweza kukataa kwa sababu hutimizi masharti ya sheria, kwa mfano umekatazwa kumiliki silaha, au kwa sababu anaona kuna uwezekano mkubwa kwamba ukipewa kibali utakuwa hatari kwako mwenyewe au kwa watu. Sababu hii ya pili ndiyo ya kuichunguza kwa makini. Chukua mama ambaye jirani alimwitia polisi kwa ajili ya kelele za sherehe ya ubatizo, maneno yakawa makali, polisi wakaja, hakuna aliyeshtakiwa. Tuhuma ambayo haikuchunguzwa na kuandikwa rasmi haiwezi kutumika kumnyima. Na iliyoandikwa pia inajibika.

Una siku 20 za kazi kupeleka nyaraka za ziada, na sherifu ana siku 15 za kazi kuzifikiria upya. Akishikilia msimamo, unakwenda mahakama ya wilaya ya kaunti hiyo. Jaji anaisikiliza kesi upya kabisa, bila baraza la raia waamuzi (jury), ndani ya siku 60 tangu ulipofungua ombi. Sherifu ndiye anayetakiwa kuleta ushahidi ulio wazi na wa kushawishi. Wewe hulazimiki kuthibitisha kwamba u mtu mwema. Ukishinda, unarudishiwa gharama za kesi na ada ya wakili kwa kiasi cha haki. Kifungu hicho cha ada ya wakili kina thamani kubwa kuliko watu wanavyodhani, kwani wakili anayejua kwamba atalipwa akishinda hupokea simu ya mteja asiye na fedha. Kama Kiingereza cha mahakamani kinakupiga chenga, omba mkalimani mapema, siku ile ile unayofungua ombi.

Kadi inadumu miaka 5. Ukihama nyumba, una siku 30 kumjulisha sherifu. Ukiipoteza, siku 30 vilevile. Kuhuisha unaweza kuanza siku 90 kabla haijaisha, kwa mafunzo mapya, na ukichelewa una siku 30 za kujiokoa kwa faini ya dola 10. Katikati ya miaka hiyo sherifu anapekua rekodi zako angalau mara moja kwa mwaka. Hayo ni ya kalenda tu. Kazi yenyewe ya kukitunza kibali iko barabarani na nyumbani.

Tuanze barabarani. Ukiwa na bastola mwilini, lazima uwe na kadi ya kibali pamoja na kitambulisho chenye picha, na uvionyeshe polisi akitaka. Sheria ya Minnesota haikulazimishi kumtangulia polisi kwa kusema una silaha, lakini akikuuliza kama umebeba, lazima useme kweli. Kila anayebeba bastola katika jimbo hili anapaswa kulijua jina la Philando Castile. Alikuwa na miaka 32, msimamizi wa jiko la shule mjini Saint Paul, na kibali chake kilikuwa halali. Tarehe 6 Julai 2016, huko Falcon Heights, polisi alisimamisha gari lake. Castile alimwambia kwa adabu kwamba ana silaha. Muda mfupi baadaye alipigwa risasi, mpenzi wake akiwa pembeni na mtoto mdogo kiti cha nyuma. Polisi yule alishtakiwa, na Juni 2017 baraza la raia waamuzi likamwachia huru.

Siwezi kuandika juu ya kibali hiki kana kwamba tukio hilo halikutokea, na msomaji mweusi hastahili kudanganywa kwamba kadi mfukoni ni kinga. Ushauri wangu ni huu: zima injini, washa taa ya ndani, mikono juu ya usukani vidole vikionekana, na ikae hapo. Polisi akiomba leseni, usiinyooshee mkono. Mwambie kwanza una kibali, mwambie silaha iko wapi na pochi iko wapi, kisha muulize ufanyeje. Usisogee mpaka akujibu, na akikwambia usisogee, usimalizie hata ulichokuwa umeanza. Weka pochi mbali na upande wa bastola siku zote. Kama una watoto garini, wafundishe nyumbani kunyamaza na kutulia wakati huo. Nasema haya nikijua kwamba Castile hakukosa adabu wala sheria.

Pombe ni mtego mwingine. Dereva anatiwa hatiani akifikia kiwango cha 0.08. Mbeba bastola anavunja sheria akizidi 0.04, nusu ya kile cha dereva. Kati ya hapo na 0.10 kibali kinasimamishwa siku 180, kuanzia 0.10 kinafutwa, na huwezi kuomba tena kwa mwaka mzima. Harusi zetu zinajulikana zinavyokwenda. Kama utakunywa, bastola ibaki nyumbani kwenye kasha lenye kufuli. Kufuli hilo si hiari pia: kuacha silaha yenye risasi mahali ambapo mtoto wa chini ya miaka 18 anaweza kuifikia ni kosa la jinai Minnesota.

Kuhusu mahali pa kwenda nayo, sitakawia. Usiingie nayo shuleni, wala kwenye jengo la serikali ya shirikisho, na kumbuka kwamba ofisi ya uhamiaji unakokwenda kufanyiwa usaili wa uraia ni jengo la namna hiyo. Duka au kanisa likiweka tangazo la kukataza bunduki, liheshimu. Mwenye nyumba ya kupanga, kwa upande wake, hana ruhusa ya kumzuia mpangaji wake. Ukiendesha kwenda Chicago, jua kwamba Illinois haikitambui kibali cha Minnesota. Nairobi na Dar es Salaam ndiyo kabisa.

Na kuitoa? Nje ya nyumba yako, Minnesota inakutaka urudi nyuma kwanza kama kurudi nyuma kunawezekana bila hatari. Mwaka 2024 Mahakama ya Juu ya jimbo ilikwenda mbali zaidi ikaamua kwamba wajibu huo upo hata kabla ya kuonyesha silaha kwa vitisho. Yule anayeamini kwamba kuitoa tu ili kumtia mtu hofu si kosa, amechelewa kupata habari.

Nyumbani ndiko vibali vingi vinakoweza kufia. Kwetu, mume na mke wakigombana, wazee huitwa na mambo huishia kikaoni. Hapa simu ya polisi ikishapigwa, jambo limetoka mikononi mwa wazee. Ukikubali kosa la kumpiga mwenza wako, hata likiwa kosa dogo lisilokupeleka jela, sheria ya shirikisho inaweza kukunyima haki ya kumiliki silaha maisha yako yote. Amri ya mahakama ya kumlinda mwenza dhidi yako inaweza kukunyima silaha muda wote inapodumu, na mwaka 2024 Mahakama ya Juu ya Marekani ilithibitisha kwamba katazo hilo linaruhusiwa na katiba, ikiwa mahakama imemwona mtu huyo ni tishio kwa usalama wa mwenzake. Ukishakatazwa kumiliki, kibali kimekufa, na kadi lazima irudishwe kwa sherifu ndani ya siku 5 za kazi. Naliunga mkono katazo hili bila kigugumizi: bastola katika nyumba yenye kipigo huwa inamsubiri mtu.

Kisha bangi. Jimbo liliihalalisha kwa watu wazima tarehe 1 Agosti 2023, na maduka yanaiuza waziwazi. Lakini fomu ya shirikisho ya kununulia bunduki inasema bayana kwamba bangi ni haramu kwa serikali ya shirikisho hata pale jimbo lilipoiruhusu, kisha inakuuliza kama unatumia. Kudanganya kwenye fomu hiyo ni kosa kubwa. Kwa mtu anayengoja uraia, matumizi yenyewe yanaweza kuhesabiwa dhidi ya tabia yake njema. Chagua kimoja.

Kwenye kosa la kubeba bila kibali ndipo mwenye grini kadi anapotofautiana na raia. Raia akikamatwa na bastola bila kibali kwa mara ya kwanza, anakabiliwa na faini au kifungo kisichozidi mwaka. Mkaazi wa kudumu anakabiliwa na hayo, na juu yake sheria ya uhamiaji inataja hukumu za silaha kuwa sababu ya kumrudisha mtu kwao, hata kama ameishi hapa miaka 20 na watoto wote wamezaliwa hapa. Mtu anaweza kukubali kosa asubuhi ili awahi kazini mchana, akidhani amemaliza, kumbe ndiyo kwanza ameanza.

Dhidi ya hilo una haki iliyo mkononi mwako. Tangu uamuzi wa Mahakama ya Juu ya Marekani katika kesi ya Padilla dhidi ya Kentucky mwaka 2010, wakili wako wa jinai, hata yule uliyepewa na serikali bila malipo, ana wajibu wa kukueleza kama kukubali kosa kunaweza kukufukuzisha nchini. Wengine husahau kwa wingi wa kesi. Kwa hiyo mwambie wewe mwenyewe, siku ya kwanza, kwamba hujawa raia. Kabla hujasaini karatasi yoyote, muulize: hukumu hii itafanya nini kwa grini kadi yangu? Akisema hana uhakika, mwombe aahirishe kesi azungumze na wakili wa uhamiaji, na jibu akupe kwa maandishi.