Maji ya Kalahari

Katika jangwa la Kalahari, nchi ya Botswana, hukaa Wasani, ambao zamani waliishi kwa kuwinda na kuchimba mizizi. Mto hawana. Mwanamke alipoona mchanga wenye unyevu, alichimba shimo, akatia tete refu, ncha yake ameizungushia nyasi ili mchanga usipite. Kisha akayafyonza maji kwa kinywa, polepole (kazi ya kuchosha kweli!), akayatia katika kaka la yai la mbuni, lichukualo kadiri ya lita moja. Akaliziba, akalifukia kwa siku za kiu.

Mwaka 2002 serikali ilikifunga kisima chao, ikawahamisha. Wakashitaki. Mwaka 2006 mahakama ilisema waliondolewa isivyo haki, ila serikali haikulazimishwa kuwapa maji. Mwaka 2011 majaji wa rufani wakawaruhusu kukifungua kisima kile, kwa gharama yao wenyewe.