Th na Dh: Somo Kutoka kwa Herufi za Uchawi

Wahenga walinena kuwa kuuliza si ujinga. Leo nina swali moja: herufi ni nini? Kabla hamjanijibu, sikizeni yaliyonipata.

Mwaka jana, nikiwa Kidato cha Pili, nilitumwa nyumbani kuleta karo. Nyumbani hakukuwa na kitu. Basi nikaandika barua ya kuomba msaada, nikaipeleka katika ofisi moja. Nilikuwa nimeimaliza kwa maringo: "Kwa hivyo naomba mnithamini." Karani aliisoma, akatabasamu, akaniambia, "Kijana, tunakuthamini sana. Sasa unataka nini?" Wacha! Nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Nilikuwa nataka kusema mnidhamini. Kumthamini mtu ni kuona kwamba ana thamani. Kumdhamini ni kumsimamia au kumlipia.

Kosa hilo lilitoka wapi? Mimi ni Mkikuyu. Katika Kikuyu, herufi th husomwa kwa sauti ambayo Kiswahili huiandika dh. Kwa hivyo sikio langu lilisikia sawasawa, na mdomo ukatamka sawasawa, lakini mkono ukaandika kwa mapatano ya lugha nyingine. Jambo hili sikulielewa mpaka likizo, dada yangu alipoleta nyumbani kitabu cha hadithi kiitwacho The Lord of the Rings.

Mwandishi wake ni J.R.R. Tolkien (1892–1973), profesa wa lugha katika Chuo Kikuu cha Oxford, Uingereza. Kitabu kilitolewa kwa sehemu tatu, mwaka wa 1954 na 1955. Hadithi yenyewe ni ya nchi ya kubuni iitwayo Middle-earth, na mwishoni mwandishi ameeleza herufi za nchi hiyo. Zinaitwa Tengwar. Nilizisoma kama mchezo, kumbe ni somo letu la matamshi!

JINSI HERUFI ZILIVYOPANGWA

Herufi za msingi ni 24. Nyingi zina kijiti kimoja na tumbo, kama p au q zetu. Zimepangwa kwa safu nne, kulingana na mahali sauti inapotamkiwa. Lugha hutofautiana kidogo katika kuzitumia, lakini katika matumizi ya kawaida mambo ni hivi: safu ya kwanza ni ya meno na ufizi, ya pili ni ya midomo, ya tatu ni ya kaakaa gumu, na ya nne ni ya kaakaa laini. Kisha kuna mistari sita, kulingana na jinsi hewa inavyotoka. Tazameni mitano ya kwanza:

1. Kijiti chashuka, tumbo moja: t, p, ch, k
2. Kijiti chashuka, matumbo mawili: d, b, j, g
3. Kijiti chapanda, tumbo moja: th, f, sh, kh
4. Kijiti chapanda, matumbo mawili: dh, v, (sauti ambayo Kiswahili hakina), gh
5. Kijiti kifupi, matumbo mawili: n, m, ny, ng'

Mstari wa sita ni wa sauti laini kama w na y. Sauti kama l, s, z na h zina herufi zao za ziada.

Je, mmeona ajabu? Ukiongeza tumbo la pili katika mstari wa kwanza au wa tatu, nyuzi za sauti zinaanza kutetemeka: sauti sighuna inakuwa sauti ghuna. Ukipandisha kijiti, kipasuo kinakuwa kikwamizo. Yaani herufi yenyewe inakuambia ufanye nini na mdomo wako! Katika ABC zetu, p na b hazikuonyeshi kuwa ni ndugu. Katika Tengwar, th na dh ni mapacha. Tofauti yao ni tumbo moja tu. Tumbo hilo moja ndilo lililoniaibisha mbele ya karani.

Irabu nazo mara nyingi ni alama ndogo zinazowekwa juu ya konsonanti. Nukta tatu ni a, nukta moja ni i. Katika lugha ambazo maneno mengi huishia kwa irabu, alama huwekwa juu ya konsonanti inayotangulia. Kiswahili ni hivyo hivyo! Kwa hivyo neno "kata" lingekuwa herufi mbili tu, k na t, kila moja na nukta tatu kichwani.

UCHAWI UKO WAPI?

Katika hadithi kuna pete ambayo maandishi yake huonekana ikitiwa motoni. Herufi ni za jamii ya Elves, lakini lugha iliyoandikwa ni ya adui yao. Ati herufi nzuri zinabeba maneno mabaya! Kuna pia mlango wa mawe ambao maandishi yake hung'aa kwa mwanga wa mwezi na nyota. Mzee Gandalf aliyasoma, akajaribu maneno mengi ya siri, mlango ukakataa. Maandishi yalimtaka atamke neno "rafiki", naye alidhani yanamwita rafiki tu. Alipolitamka, mlango ukafunguka.

Basi, kwa maoni yangu, uchawi hauko ndani ya herufi. Herufi ni mapatano ya watu kuhusu sauti. Anayeyajua mapatano hayo hufunguliwa mlango. Asiyeyajua hubaki nje hata akiwa na bidii. Mimi niliandika barua yangu upya, nikatoa th nikatia dh. Karani yule yule aliipokea, na nikasaidiwa nusu ya karo. Ndiyo maana leo niko darasani nikiwaandikia.

ZOEZI

Weka kidole kooni, utamke maneno haya mawili mawili: thamini na dhamini; faa na vaa; paa na baa. Ni sauti gani ya kwanza inayotetemesha koo? Kisha tunga sentensi kwa kila neno.

Na wewe ambaye lugha ya mama hukuchanganyia r na l, au b na mb, usione haya. Wanaokucheka waambie wakuonyeshe tofauti. Kuteleza si kuanguka. Tukutane Ijumaa chamani, tusahihishane bila kuchekana.