Mwanga huu, mwanga huyu: je, ngeli zinaficha falsafa ya nuru?

Makala haya yanauliza kama mtu anaweza kuichota falsafa ndani ya maneno ya lugha bila kumuuliza msemaji yeyote. Mfano niliouteua ni neno mwanga, kwa kuwa linashawishi sana. Nitalianzia pwani ya Afrika Mashariki, kisha nitalileta Baraka, kando ya Ziwa Tanganyika, kwa sababu ndipo hoja inapokwama.

Swali hili ni la nyumbani. Mwaka 1945 padri Mbelgiji Placide Tempels alichapisha mjini Elisabethville, yaani Lubumbashi ya leo, kitabu chake La philosophie bantoue. Alidai kwamba Wabantu wana falsafa ya nguvu-uhai, ila hawawezi kuipanga wao wenyewe. Mgeni ndiye atakayewapangia. Mwaka 1956 Alexis Kagame wa Rwanda alishika zana iliyo karibu zaidi na sisi wanaisimu: ngeli. Katika Kinyarwanda aliona umuntu, ikintu, ahantu na ukuntu, akazifanya kuwa aina nne za vilivyopo: chenye akili, kisicho na akili, mahali pamoja na wakati, na namna ya kuwa. Kwake, sarufi ilikuwa ghala la metafizikia ya mababu.

Tujaribu basi kufanya kama yeye. Kiswahili cha pwani kina mwanga mbili. Kuna mwanga unaotoka kwenye taa au jua, wingi wake mianga. Kuna pia mwanga anayetembea usiku kuroga, wingi wake wanga, na kitendo chake ni kuwanga. Ukiongeza anga, angavu, angaza na hata angalia, unapata jengo zima: kwa Waswahili, utasema, kuona na kuroga ni ndugu; mchawi ni yule mwenye mwanga wake wa siri wakati wengine wako gizani; nuru si njema wala mbaya, ni uwezo tu. Jengo hili nimelisimamisha kwa sentensi chache. Lingemfaa sana mwandishi wa riwaya ya dunia ya kubuni anayetafuta imani ya kuwapa watu wake. Tatizo ni kwamba tunaandika tasnifu kwa njia hiyohiyo na kuita matokeo yake falsafa ya Kiafrika.

Sarufi yenyewe inapinga. Tunasema mwanga umeingia, na mwanga ameingia. Irabu moja ya upatanisho inatosha kuonyesha kwamba tuna nomino mbili za ngeli mbili, moja ya kitu na moja ya mtu; kufanana kwa umbo la umoja hakuthibitishi undugu wa maana. Kiswahili kina kaa la moto na kaa wa baharini, na sijaona makala kuhusu uhusiano wa kiroho kati ya makaa na kaa.

Sasa tuje Baraka. Katika Kiswahili cha Kivu mchawi ni mulozi, wengi wake balozi (mgeni kutoka Dar es Salaam akisikia kwamba balozi wamemuua mtu, atashtuka kwa sababu nyingine kabisa). Neno mwanga limebaki na taa na jua peke yake. Kwa hiyo ile falsafa ya pwani inayeyuka mara moja, ingawa watu wa Fizi wanazungumza juu ya uchawi na usiku kama wengine wote. Zaidi ya hayo, katika mazungumzo ya soko upatanisho wa ngeli umepungua sana: utasikia mwanga inaingia, kama utakavyosikia mti inaanguka. Kama Kagame alikuwa sahihi kwamba ngeli ndizo zinazobeba fikra ya vilivyopo, itabidi tuseme kwamba muuza samaki wa Baraka amepoteza metafizikia yake njiani kati ya sanifu na soko. Sidhani kuna atakayekubali kumwambia hivyo.

Na huyo muuza samaki anajua mengi kuhusu mwanga. Ndagala, wale ambao Kigoma huitwa dagaa, huvuliwa usiku kwa taa: zamani za mafuta za kupampu, siku hizi pia za betri na za sola. Mwanga unavuta vijidudu na samaki, samaki wanakusanyika chini yake, wavu unainuliwa. Mbalamwezi ikiwa kali taa haina nguvu tena, samaki wanatawanyika, na wavuvi wanapumzika hadi giza lirudi. Hapa giza ndilo linalolisha, na mwanga ni chambo. Mvuvi huyohuyo, akimpeleka mtoto shuleni, anaweza kumwambia kwamba elimu ni mwanga. Lugha haikumlazimisha kuchagua. Inamruhusu kusema yote mawili.

Falsafa ya nuru iliyo kamili ipo, na tofauti yake inafundisha. Suhrawardi, aliyeuawa Halab mwaka 1191, alijenga mfumo wake juu ya nuru: vilivyopo ni daraja za nuru hadi Nuru ya nuru zote, na nuru haihitaji fasili kwa sababu hakuna kilicho wazi kuliko yenyewe. Jina la mfumo huo, ishraq, lina mzizi uleule wa neno letu mashariki; na nuru pia tumelipata kutoka Kiarabu, kama jina la mji wa Baraka lenyewe. Lakini Suhrawardi hakuitoa falsafa hiyo kwenye mzizi wa neno. Alibishana na wafuasi wa Ibn Sina, akatoa hoja zinazoweza kukataliwa. Hicho ndicho Paulin Hountondji wa Benin alichokidai katika miaka ya 1970 alipowakosoa Tempels na Kagame: falsafa ina mwenyewe, ina hoja, na ina mpinzani.

Sikubali naye kila kitu, maana aliyapa maandishi uzito mkubwa mno. Henry Odera Oruka wa Chuo Kikuu cha Nairobi alionyesha njia nyingine: aliwaendea wazee mmoja mmoja, akawauliza, akawapinga, akaandika majibu kwa majina yao. Mwanaisimu anaweza kufanya hivyo Baraka. Aketi na mvuvi wakati wa mbalamwezi, siku za mapumziko, amuulize kama mwanga unaomkusanya ndagala na mwanga anaomtakia mtoto wake ni mwanga uleule. Akijibu, jibu lipelekwe kwa jirani yake mwenye taa, aone kama atalikubali.