Dondoo muhimu: Kabla hujang'oa nanga

Sikiliza utabiri wa Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania (TMA) jioni, kisha tena alfajiri. Usiishie kwenye habari za mvua; tafuta upande wa upepo, kasi yake na urefu wa mawimbi. Njano ni angalizo, rangi ya chungwa ni tahadhari, nyekundu ni tahadhari kubwa.

Ukisikia "mawimbi ya mita 2", ielewe hesabu hiyo. Ni wastani wa theluthi ya mawimbi yaliyo makubwa zaidi, kwa hiyo humo humo laweza kuja wimbi moja linalokaribia mita 4. Kwa mwenye ngalawa au mtumbwi, hilo moja ndilo la kuogopwa.

Tazama upepo na maji kwa pamoja. Kusi inapovuma dhidi ya mkondo, mawimbi husimama wima, hukaribiana na kuvunjika, hata kama kasi ya upepo haijabadilika. Siku za bamvua, mwezi unapoandama au unapokuwa mpevu, mkondo huzidi nguvu. Subiri maji yageuke. Saa chache za kungoja si hasara.

Wala usidhani vimbunga ni vya Msumbiji na Madagaska tu: Mei 2024 kimbunga Hidaya kilifika kisiwa cha Mafia.

Jaketi la kuokolea livaliwe, lisikaliwe. Simu iwe ndani ya mfuko usiopitisha maji, na aliyebaki pwani ajue mko wangapi, mmeelekea wapi na mtarudi saa ngapi.